Mume wangu ametemwa na klabu ya nne: nimwambie aache mpira?

*Shangazi, shikamoo. Mimi ni mzaliwa wa Tanga, muuguzi hapa Dallas. Mume wangu ni Mmarekani, ana miaka 28, anacheza futiboli ya Kimarekani, beki wa pembeni. Kwa miaka mitano amepita klabu nne za NFL, ligi kuu ya mchezo huo. Misimu miwili tu alikuwa kikosi kamili, iliyobaki alikuwa kikosi cha mazoezi. Mwisho wa Agosti wamemtema tena. Sasa klabu moja ya kaskazini inamtaka kwenye kikosi cha mazoezi, naye anataka tuhame wote. Binti yetu ndiyo kwanza ameanza darasa la kwanza, na mimi nimechoka kufunga maboksi. Huko nyumbani wanadhani tunaogelea kwenye dola; kaka yangu anataka nimnunulie bajaji mbili. Nimwambie achague, mpira au sisi?*

*Mke wa beki, Dallas*

Marahaba, mwanangu, na pole sana.

Chaguo hilo usimpe sasa hivi. Sababu umeiandika mwenyewe: misimu miwili. Mchezaji wa NFL anapata haki ya pensheni akifikisha misimu mitatu inayohesabiwa, na msimu unahesabiwa akiwa kwenye orodha ya klabu kwa malipo kamili kwa mechi tatu au zaidi, hata kama yuko kwenye orodha ya majeruhi. Akifikisha hapo, anabaki pia na bima ya afya ya ligi kwa miaka mitano baada ya kustaafu. Wewe ni muuguzi, unajua goti la beki litadai nini miaka hiyo ikija. Kama hesabu yenu ni sahihi, mumeo amebakiza mechi tatu. Kumtoa mlangoni hapo ni hasara yenu wote watatu.

Najua utasema kikosi cha mazoezi si kikosi kamili. Ni kweli, wiki zake hazihesabiwi sawa. Lakini akiwa huko, klabu yake inaweza kumpandisha siku ya mechi, na klabu nyingine inaweza kumsajili moja kwa moja kwenye wachezaji wake 53 wa kikosi kamili. Ikimchukua kwa njia hiyo, inalazimika kumlipa mshahara wa wiki zisizopungua tatu. Kwa mtu aliyefika alipofika mumeo, hiyo ni nafasi ya kweli, na akikaa sebuleni kusubiri simu ya wakala haipati.

Kisha naomba umwangalie kwa jicho jingine. Kila klabu huingia kambini na wachezaji 90, na mwisho wa Agosti wanabaki 53. Hao 37 wanaotoka wazidishe kwa klabu 32, uone ni zaidi ya watu 1,000 wanaopoteza kazi karibu kwa pamoja. Mtu anaitwa ofisini na tableti yake ya mikakati, anairudisha, na akitoka jina lake limeshabanduliwa kwenye kabati. Mumeo amepitia hayo mara nne na bado anaamka kukimbia. Anastahili heshima yako hata siku utakayomwambia imetosha.

Yupo kwotabeki, yaani mrushaji mkuu wa mpira, anaitwa Josh Johnson, amepita klabu 14 za NFL, rekodi ya ligi. Alichaguliwa na klabu ya Tampa Bay mwaka 2008. Desemba 2018 klabu ya Washington ilimwita baada ya warushaji wake wawili kuvunjika miguu, naye akajifunza majina ya wenzake kwa kucheza Madden, mchezo wa video wa futiboli hiyo. Alishinda ugenini Jacksonville 16-13, ushindi wake wa kwanza kama kwotabeki wa kuanza, miaka kumi baada ya kuingia ligi. Sikuambii mumeo atakuwa Johnson. Wengi hawawi, na sitaki umngoje kwa ndoto hiyo.

Kwa hiyo kuhama, hapana. Wewe na mtoto mbaki Dallas, kwenye kazi yako na shule yake, yeye apange chumba cha mwezi kwa mwezi karibu na uwanja wa mazoezi. Hapo simama imara, usitikisike. Na kabla hajapanda ndege mkubaliane tarehe: msimu ukiisha Januari, mechi zile zimetimia au hazijatimia, mnakaa mezani na uamuzi unafanywa na wawili. Hili lisemwe kwa upole, usiku mtoto akiwa amelala, si kwenye simu akiwa anatoka mazoezini.

Kuhusu kaka yako, mwambie ukweli kwa tarakimu. Kima cha chini cha kikosi cha mazoezi mwaka 2025 kilikuwa dola 13,000 kwa wiki, kabla ya kodi, na kinalipwa kwa wiki za msimu tu, 18, tena akitemwa wiki ya tatu malipo yanaishia hapo. Mumeo atakuwa na kodi ya nyumba mbili. Bajaji hata moja usiahidi mwaka huu. Mama umtumie kama ulivyozoea.

Wiki hii, kabla hajasaini, mumeo aandike kwa chama cha wachezaji, NFLPA, aombe kwa maandishi idadi ya misimu yake inayohesabiwa na mechi alizobakiza. Jibu likija mlisome pamoja. Likionyesha kwamba misimu yake imeshafika mitatu, niandikie tena, maana hapo ushauri wangu utabadilika.