Alimlipiza kisasi nani?

SWALI: Nina kibanda cha kuwekea watu muvi kwenye flashi, na kila muvi kali huibandikia karatasi ya maelezo ukutani. Kwa muvi ya Kihindi iitwayo Indian niliandika hivi: "Mzee Senapathy alimlipiza kisasi binti yake, mwishoni akamlipiza kisasi na mwanawe." Mteja mmoja aliisoma akaangua kicheko, akaniuliza huyo binti alimkosea nini baba yake. Kosa langu ni lipi? Tuseme kulipa kisasi au kulipiza? Na mtu wa aina hii tumwiteje?

JIBU: Ndugu yangu, mteja wako alikuwa na sababu ya kucheka. Karatasi yako imemuua binti ambaye mzee alikuwa akimlilia.

Kwa ambao hawajaiona: Indian ni filamu ya mwaka 1996 ya mwongozaji Shankar, na Kamal Haasan ndiye baba na ndiye mwana humo. Baba, Senapathy, aliwahi kupigana na Waingereza katika jeshi la Subhas Chandra Bose, mpigania uhuru wa India. Binti yake anaungua moto, anakimbizwa hospitali, na daktari hamgusi mpaka apewe chochote. Mzee anakataa katakata kutoa rushwa, binti anakufa. Baadaye anamtia daktari yule mkononi na kumuua mbele ya kamera za televisheni, watu wakitazama majumbani mwao.

Sasa rudi kwenye kitenzi chako. Katika kulipiza, anayeguswa na ile -m- ni mkosaji. "Alimlipiza kisasi daktari" maana yake daktari alikosa, na daktari akakiona cha mtema kuni. Ukitaka kumtaja aliyeonewa, yule ambaye kisasi kinafanywa kwa ajili yake, lazima uongeze -i- ya kutendea: "alimlipizia kisasi binti yake". Ni herufi moja tu, lakini uliposema "alimlipiza" ulimweka marehemu kwenye kiti cha daktari.

Nikiri jambo: mitaani kanuni hii haishikwi sawasawa. Mtu akikasirika hukutisha kwa "nitakulipizia!", naye hana nia ya kukutetea hata chembe. Kwa hiyo hata "alimlipizia kisasi binti yake" inaweza kumbabaisha msomaji aliyesimama kibandani na haraka zake. Ningekuwa mimi ningeikwepa -m- kabisa na kuandika "alilipiza kisasi cha kifo cha binti yake". Hapo hakuna wa kucheka.

Kulipa au kulipiza? Yote mawili yapo, na ya pili ndiyo iliyozoeleka zaidi. Fungua Warumi 12:19 katika Biblia ya Union uyaone yamekaa jirani: binadamu wanaambiwa "msijilipize kisasi", halafu Mungu anasema "mimi nitalipa". Kulipiza ni kumfanya mwingine alipe, ila sikio letu limeligawia kazi maalumu. Konda hulipisha nauli, halipizi. Aliyedhulumiwa hulipiza, halipishi. Shina ni moja, lakini ukiyabadilishana utasikika kama mgeni aliyeshuka melini jana.

Kuhusu mwana, hapo sina ugomvi na sarufi yako, nina ugomvi na neno kisasi lenyewe. Mwana huyo, Chandru, alikula rushwa akaliidhinisha basi lenye breki mbovu, watoto wa shule wakafa, na mzee akamuua kwa kosa hilo. Je, alimkosea baba yake? La. Kisasi, neno tulilolipokea kutoka Kiarabu, kina sura ya deni: kuna anayedai na kuna anayedaiwa. Kwa daktari, mzee alikuwa na dai la damu ya binti yake. Kwa Chandru hakuwa nalo. Wenye dai walikuwa wazazi wa wale watoto. Alichokifanya mzee ni kujipa kazi ya hakimu, kwa hiyo andika "akamhukumu mwanawe kwa mkono wake". Ukiandika kisasi unaipunguzia filamu kitu chake kizito kuliko vyote, maana kumuua aliyekuumiza ni jambo moja, na kumuua mtoto unayempenda kwa kosa alilowakosea wengine ni jambo jingine kabisa.

Jina la mtu huyo? "Mlipiza kisasi" linatosha, wala huhitaji "mlipizaji". Jina la mtendaji likifuatwa na kile anachokitenda, mara nyingi huishia -a: mpiga picha, mlipa kodi. Hata maadui wa mzee wameundwa vivyo hivyo: wala rushwa. Nimesikia wengine wakisema "sungusungu". Hilo silikubali. Sungusungu ni wadudu wa jamii ya siafu, na ni walinzi wa jadi waliotokea Usukumani na Unyamwezini miaka ya 1980 kupambana na wezi wa ng'ombe. Jina hilo lina wingi ndani yake, lina kijiji kizima kinachotoka pamoja. Mzee mmoja mwenye kisu, anayemlegeza adui kwanza kwa kumbonyeza mishipa kwa vidole, si sungusungu. Ukitaka kueleza tendo lake, "anajichukulia sheria mkononi" inafaa, ingawa magazeti yameichosha, yenyewe na "wananchi wenye hasira kali".

Mwisho, "muvi ya Kihindi". Ukimaanisha imetoka India, sawa. Ukimaanisha lugha, iangalie tena: Indian imeigizwa kwa Kitamil, lugha ya kusini isiyo hata ya ukoo mmoja na Kihindi. Ila iliingizwa sauti za Kihindi pia na kuitwa Hindustani, kwa hiyo chungulia jina lililoandikwa kwenye faili lako kabla hujagusa karatasi. Kama ni hilo, neno Kihindi liache lilivyo, ubadilishe hayo mengine tu.