Siwezi kuhamia Dodoma, mwanangu

Mwanangu,

Marahaba. Umeniuliza kwa nini sitaki kufunga nyumba hii ya Igogo, hapa Mwanza, nije kukaa kwako Dodoma, maana sasa hata mdogo wako kaondoka. Nakujibu kwa barua kwa kuwa kwenye simu huwa unanikatisha.

Kwanza nina kazi. Umesomeshwa na dagaa wewe, ila naona umesahau kalenda yao. Giza likiingia wavuvi wanawasha taa, dagaa wanafuata mwanga, na alfajiri mimi nipo soko la samaki la Mwaloni Kirumba nagombania ndoo na wenzangu. Mbalamwezi ikiwaka, taa hazifui dafu, mzigo unapungua. Hapo ndipo nitakuja, nikae mpaka mnichoke. Kuhamia, hapana.

Upweke upo, sikufichi, ila si huo mnaoudhani. Ukimya niliuzoea upesi, na usingizi nalala vizuri kuliko enzi za kukesha na homa zenu. Kinachoniuma ni kutoulizwa. Hapa ilikuwa mama soksi iko wapi, mama sare imekauka, mama leo tunakula nini. Nilikuwa nafoka huku najibu. Siku hizi mnauliza afya, mnatuma hela ya matumizi, mmemaliza. Hela nashukuru. Lakini juzi mdogo wako ananiambia kwa fahari kwamba amejifunza kupika michembe kwenye intaneti. Michembe! Viazi vitamu nilivyovikata na kuvianika mwenyewe, nikamfungia na karanga zake!

Kaka yako wa Geita ndiye aliyebaki na akili. Tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025 hana tena kisingizio cha foleni ya kivuko, basi Jumapili anakuja na suruali iliyofumuka mshono. Mkewe ana cherehani nzuri kuliko yangu. Nashona, sisemi kitu, naye anakaa pale mlangoni ananiuliza bei ya kiwanja, mtoto anayekohoa usiku apewe nini, baba yenu angeamuaje.

Jumamosi nakutumia kiroba kwa basi la asubuhi kutoka Nyegezi. Ukikipokea, waanike tena dagaa juani kabla hujawafungia kwenye ndoo, njiani huwa wanavuta unyevu. Halafu nijibu upesi, nisije nikaharibu: mumeo anakula dagaa na vichwa vyao, au nivitoe kabla sijafunga mzigo?

Mama yako