Jina la Somoe: Somo wa Nani?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mama wa mtoto wa kike wa miezi saba, naishi Mikindani. Mume wangu alitaka binti yetu apewe jina la mama mkwe wangu, ambaye ukoo mzima unamwita Somoe, nami nililipokea kwa furaha. Mabishano yameanza baadaye. Kadi ya kliniki imeandikwa Somoe, lakini wifi yangu, ambaye ni mwalimu, anashikilia kwamba ni Somoye. Baba mkwe anasema maana yake ni msomi. Jirani anasema ni Sumaiya lililoharibiwa na matamshi ya watu wa kusini, na kwamba tulirekebishe kabla hatujachukua cheti cha kuzaliwa. Ndugu zangu wa Tabora hawajapata kulisikia kabisa. Naomba utueleze maana na asili yake, na tuandike lipi. Mama Somoe, Mikindani.

JIBU: Marahaba, Mama Somoe, na hongera kwa mtoto. Jina la binti yako ni la Kiswahili tangu mwanzo hadi mwisho. Ni neno somo, kwa maana ya mtu mwenye jina moja na mwingine, lililoungwa mwishoni na kimilikishi yake kilichofupishwa. Somoe ni "somo yake". Wifi yako ana hoja nzuri kuhusu tahajia, nami nitaifikia. Baba mkwe, naomba aniwie radhi, amekosea, ingawa kosa lake linatufundisha mengi kuliko la jirani.

Neno somo lina maana zaidi ya moja, na hapo ndipo mkanganyiko unapoanzia. Liko somo la darasani, ambalo wingi wake ni masomo. Yuko somo ambaye ni mtu: mwenye jina kama langu ni somo yangu, nami ni somo yake. Tena yuko somo wa unyagoni, mwanamke anayemwelekeza mwali, ambaye watu wengi wanamjua kwa jina la kungwi. Katika pwani yetu, kuanzia Kilwa kuteremka Lindi hadi kwenu Mikindani, maana ile ya pili ina uzito wa pekee. Mtoto akipewa jina la bibi, hawi mrithi wa jina tu, bali ni somo wa bibi, na usomo huo una haki na mizaha yake: bibi humnunulia somo yake kanga; babu humwita mjukuu "mke wangu" kwa sababu ana jina la mkewe; na mama wa mtoto, ambaye adabu haimruhusu kulitamka ovyo jina la mama mkwe, hujikuta akimwita binti yake "mama", au "bibi", au "somo", ili asije akaonekana anamfokea mkwewe kila anapomkanya mtoto. (Usishangae kwamba nasema somo wa bibi lakini somo yangu. Ndivyo zinavyokwenda nomino za ujamaa na urafiki: twasema rafiki wa Asha, lakini rafiki yangu.)

Sasa tuuangalie mwisho wa jina, maana ndiko uliko ushahidi. Kiswahili cha zamani, na cha mashairi hadi leo, hupenda kukiunga kimilikishi na nomino yake. Mke wake huwa mkewe, mume wake huwa mumewe, mwana wake huwa mwanawe. Ndugu yake huwa nduguye, baba yake babaye, mama yake mamaye. Katika kuungana huko kimilikishi hufupika na kubaki na irabu -e, lakini konsonanti iliyokitangulia haipotei: w ya wake imo katika mkewe, na y ya yake imo katika nduguye. Konsonanti hiyo ni mhuri, kwa kuwa inatuambia nomino ile ilikuwa ikichukua upatanisho gani kabla ya kuunganishwa. Ndiyo maana washairi wanapofupisha jina lake husema jinale, kwa l ile ya lake, wala hawasemi jinaye.

Tukiujaribu mhuri huo kwenye maelezo ya baba mkwe, hayasimami. Somo la darasani huchukua la na lake: somo langu, somo lako, somo lake. Kama jina hili lingetokana na masomo, ufupisho wake ungekuwa somole, na binti yako haitwi Somole. Umbo la wifi yako, Somoye, lenye y ya yake, linaonyesha wazi kwamba somo anayetajwa ni mtu wa kundi moja na ndugu, rafiki, baba na mama. Neno msomi nalo limejengwa kwa njia nyingine kabisa, kwa m- ya mtenda mwanzoni na -i mwishoni, kama vile pika lilivyozaa mpishi. Haielekei mtu aondoe m-, ageuze -i kuwa -oe, kisha ajikute na jina ambalo kwa bahati tu linafanana na "somo yake". Hata hivyo naelewa mvuto wa maelezo hayo. Mzee akiulizwa na wajukuu maana ya jina, na jina linaanza na som-, shule ndiyo inayokuja kwanza akilini, na ni dua njema kwa mtoto wa kike. Dua ibaki, lakini isiitwe asili ya jina.

La jirani ni jepesi zaidi. Sumaiya ni jina la Kiarabu, linaloheshimiwa na Waislamu kwa ajili ya Sumayya bint Khayyat, anayehesabiwa kuwa shahidi wa kwanza wa Uislamu, aliyeuawa Makka kwa kukataa kuiacha dini yake. Kiswahili kimelipokea jina hilo kwa umbo la Sumaiya au Sumaya, na u yake ya mwanzo na a yake ya mwisho zote zimesalimika, kama zilivyosalimika a za mwisho za Halima, Fatuma, Rukia na Safia. Ili Sumaya iwe Somoe lazima irabu zote tatu zigeuke, u iwe o, a iwe o, na a nyingine iwe e, wakati majina ya Kiarabu yaliyokuja nalo yamebaki na a zao za mwisho. Mabadiliko ya matamshi hayachagui jina moja na kuyaruka mengine yote. Kama jirani ana hoja ya dini ndani ya moyo wake, hiyo mwulizeni shehe wenu. Mimi naona tu kwamba akina Tatu, Siwema na Mwajuma wako katika safu za misikiti ya Mikindani miaka yote, na sijasikia aliyewataka wabadili majina.

Linabaki swali gumu kuliko yote, nalo ni jinsi maneno "somo yake" yalivyokuwa jina la mtu. Kwa kawaida somo ni wito, si jina. Anayeitwa somo ana jina jingine, lile analoshirikiana na mwenzake. Lakini Kiswahili kina mazoea ya kuuacha wito ukue mpaka uwe jina lenyewe. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarabu wa Unguja aliyefariki mwaka 1950, alizaliwa akiitwa Mtumwa; Siti ni neno la heshima lenye asili ya Kiarabu kwa maana ya bibi au bimkubwa, alilopewa ukubwani, na leo hakuna anayemkumbuka kwa jina lile la kwanza. Njia ya Somoe naiona kuwa hiyohiyo. Mtoto alipewa jina la mkubwa fulani ambalo watu wa nyumbani hawakutaka kulitaja mbele ya watoto, kwa heshima ya ukwe au ya umri, kwa hiyo wakamtaja mtoto kwa uhusiano wake: mchukue somoye, mlete somoye. Mtoto aliyekua akisikia hivyo, na wenzake waliocheza naye, hawakuwa na sababu ya kumtafutia jina lingine. Kizazi kilichofuata kikalipokea neno lile likiwa jina tayari, kikawapa nalo wajukuu, na kuanzia hapo wengi waliolibeba hawakujua kwamba ndani yake mna kimilikishi.

Nisiiache ile maana ya unyagoni, kwa sababu huku kusini haiwezi kupuuzwa. Miongoni mwa Wamakonde, Wayao, Wamakua na Wamwera, jando na unyago vilikuwa pia mahali pa kubadili jina. Mwali alipotoka ndani aliweza kutoka na jina jipya, na lile la utotoni likaachwa, hata ikawa ni utovu wa adabu kumwita kwalo. Karl Weule, Mjerumani aliyezunguka Lindi, Masasi na Newala mwaka 1906, aliandika kwa kirefu habari za jando na unyago wa wakati huo. Kwa hiyo inawezekana kabisa kwamba mama mkwe wako hakuzaliwa akiitwa Somoe, bali alilipata jina hilo alipokuwa mwali, kutoka kwa mwanamke aliyemsimamia. Hata hapo maana haiondoki kwenye "somo yake". Kinachobadilika ni aina ya usomo. Mimi binafsi naegemea upande wa usomo wa jina, kwa sababu Somoe hupewa hata watoto wachanga wasiokuwa na kungwi bado, lakini familia yenu inaweza kuwa na habari yake mahususi inayoshinda maoni yangu.

Kuhusu tahajia, wifi yako analitetea umbo kamili, na kisarufi Somoye halina kosa. Hata hivyo Somoe nalo si kosa. Kati ya o na e ile y ni nyepesi, ulimi huipita bila kuigusa, na Kiswahili kimefanya jambo la namna hiyo kwingine: mwenziwe, kwa w ya wake, kwa wengi limekuwa mwenzie. Majina yote mawili yana silabi tatu na mkazo huangukia -mo-, so-MO-ye na so-MO-e, hata anayesikiliza kwa mbali hawezi kuyatofautisha. Umbo ambalo ningelikataa ni Somwe, ambalo nimeliona kwenye daftari moja la mahudhurio: hilo lina silabi mbili tu, mkazo umehamia mwanzoni, na "yake" imepotea. Jihadharini pia na simu. Nyingine zikiandikiwa Somoe hujifanya zinajua zaidi na kukata e, mtoto akabaki Somo.

Kati ya Somoe na Somoye, kanuni yangu katika mambo kama haya ni kufuata maandishi ya yule aliyetoa jina. Angalieni kitambulisho cha taifa cha mama mkwe, au kadi yake ya mpiga kura, mwandike hivyohivyo kwa mtoto, kwa kuwa somo wawili wenye tahajia mbili wataonekana kuwa na majina mawili tofauti watakapohitaji kuthibitisha undugu wao mbele ya ofisi yoyote. Kama vitambulisho vyake vyenyewe vinapingana, chagueni Somoe, kwa sababu kadi ya kliniki imekwisha andikwa hivyo. Katika mkoa wetu mtoto wa chini ya miaka mitano husajiliwa kwenye kituo cha afya au ofisi ya kata chini ya utaratibu wa RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi na vifo, na afisa huandika anavyosikia. Kwa hiyo nendeni na jina mmeliandika kwa herufi kubwa kwenye karatasi, mkabidhini, kisha soma cheti chote kabla hujaondoka mezani pake. Kurekebisha herufi moja siku hiyo ni suala la dakika chache. Mtoto akishaanza shule na vyeti vyake vikatofautiana, mtaanza kutafuta viapo vya wakili.

Kuna jambo moja ambalo kamusi haiwezi kuwajibu, wala mimi. Somoe ni "somo yake", na -e hiyo ni mtu. Yake nani? Kiswahili hakitofautishi mke na mume katika kimilikishi, wala -e haitaji umri wala ukoo, kwa hiyo jina lenyewe halitoi dalili yoyote zaidi ya kwamba huyo mtu alikuwapo. Anayeweza kumtaja ni mama mkwe, au wa rika lake waliobaki. Najua wewe mkaza mwana huwezi kumkabili na swali la namna hiyo. Mwachie wifi yako, kwa kuwa ni binti yake na mabishano ameyaanzisha yeye. Amwulize mama yake alikuwa somo wa nani, na kama aliitwa hivyo tangu kuzaliwa au tangu kutoka unyagoni. Ikiwa jibu litakuwa kwamba alipewa jina la bibi yake aliyeitwa, tuseme, Mwanahawa, basi binti yako ana somo wawili: mmoja kwa jina analolibeba, na mwingine kwa jina ambalo watu waliona haya kulitamka. Wifi akishalipata hilo la pili, aliandike nyuma ya kadi ya kliniki.