Shangazi ana nyumba Texas, mbona hana hela?

Mwanangu, ujumbe wako nimeusoma mara mbili. Umeandika kwa heshima, lakini swali hukulizungusha. Picha za nyumba yangu ya hapa Houston zimefika Muheza, kila mtu kaziona: vyumba vinne, gereji, majani yaliyokatwa vizuri mbele. Sasa ukoo unauliza imekuwaje mtu mwenye nyumba ya dola 300,000, zaidi ya shilingi milioni 700, ashindwe kutuma hela ya bati za kupaulia boma la babu. Halafu mwishoni, kama jambo dogo, umeniambia kwamba benki huko Dar imekukubalia mkopo wa nyumba wa milioni 100 kwa miaka 20, na unataka baraka zangu.

Kwangu mimi maswali hayo mawili ni swali moja. Nitakujibu kwa namba, kwa sababu maneno ya ughaibuni mmeshayasikia mengi na hamyaamini tena.

Nilinunua Februari 2023. Bei dola 300,000. Kianzio changu kilikuwa dola 15,000, akiba ya miaka 6 ya zamu za usiku. Ada za benki, tathmini, ukaguzi na hati zikala dola 9,000 nyingine. Benki ikatoa 285,000 kwa riba ya asilimia 6.5 kwa mwaka, riba isiyobadilika, miaka 30. Rejesho la kila mwezi ni dola 1,801 na senti 39, mara 360.

Chukua simu yako uzidishe. Utapata dola 648,500. Toa 285,000 nilizokopa, zinabaki 363,500. Hiyo ni riba. Yaani kabla sijamaliza kulilipa deni la nyumba moja nitakuwa nimelipa riba inayotosha kununua nyumba kama hii na chenji ikabaki.

Nasikitika kusema kwamba hakuna aliyenificha. Sheria ya hapa inataka upewe karatasi za mwisho za mkopo siku 3 za kazi kabla ya kusaini. Ni kurasa 5, na ukurasa wa 5 una mstari unaokuambia riba yote utakayolipa ni asilimia ngapi ya ulichokopa. Wangu ulisomeka asilimia 127 na ushee. Karatasi hizo zilikaa kwenye simu yangu siku zote 3 na mimi nikasoma ukurasa wa kwanza, ule wenye rejesho la mwezi, kwa kuwa hilo ndilo nililokuwa naliogopa. Dalali naye alizungumzia la mwezi tu, na afisa wa mkopo vilevile. Nilijiuliza swali moja, "kwa mwezi nitaweza?", na ndilo hilo unaloniuliza wewe leo.

Sasa elewa namna deni lenyewe linavyotembea. Kila mwezi benki inaangalia deni lililobaki, inalipigia riba ya mwezi huo, inachukua riba yake kwanza. Kinachosalia ndicho kinachopunguza deni. Rejesho langu la kwanza kabisa, katika hizo dola 1,801, riba ilikuwa 1,543 na senti 75. Deni likapungua dola 257. Mwezi wa pili likapungua dola 259. Ndivyo inavyopanda, kwa dola moja moja.

Nilipomaliza rejesho la 36 nilikaa mezani siku ya mapumziko nikajumlisha. Miaka 3 nilikuwa nimeipa benki dola 64,850. Deni lilikuwa limepungua 10,211. Nilidhani nimekosea, nikarudia mara tatu, nikapiga simu benki. Yule dada aliniambia kwa upole kabisa kwamba hesabu yangu ni sahihi, na kwamba kwa mwendo huu mwezi ambao sehemu kubwa ya rejesho itaanza kwenda kwenye deni badala ya riba ni wa 233. Huo ni mwaka wa 20. Nikiiuza nyumba leo kwa bei ileile niliyonunulia, madalali wakichukua ujira wa asilimia 5 ni dola 15,000, zaidi ya nilichopunguza. Siku hiyo nilikwenda kazini nikiwa mzito kama nimefiwa.

Tarehe nayo ina nguvu kuliko jitihada. Januari 2021 wastani wa riba za mikopo ya miaka 30 hapa Marekani ulishuka hadi asilimia 2.65, chini kuliko wakati wowote tangu kumbukumbu hizo zianze kuwekwa. Oktoba 2023 ulifika 7.79. Mtu aliyekopa 285,000 zilezile kwa asilimia 2.75 analipa rejesho la dola 1,163, na kwa miaka yote 30 atalipa karibu dola 230,000 pungufu kuliko mimi. Nina mfanyakazi mwenzangu wa namna hiyo. Mshahara mmoja, zamu moja, hata mtaa tunakaribiana.

Hayo ni ya benki tu. Texas haikati kodi ya mapato ya jimbo, kwa hiyo shule, kaunti na huduma nyingine zinaishi kwa kodi ya majengo, na kodi hiyo haina mwisho. Hata siku nikimaliza deni, nitaendelea kuilipa mpaka nife au niuze. Benki inaikusanya kila mwezi pamoja na rejesho, inaiweka, halafu inailipa kwa niaba yangu. Hapo ndipo nilipoumia zaidi. Nyumba yangu ilikuwa mpya, na hapa thamani ya kodi huangaliwa kama mali ilivyokuwa tarehe 1 Januari. Januari ya mwaka uliotangulia mahali pangu palikuwa kiwanja tu. Kodi ya mwanzo ikahesabiwa ya kiwanja, dola 92 kwa mwezi, na kila kitu pamoja na bima kikaja dola 2,253. Nikasema naweza. Kodi ya nyumba nzima ilipoanza, ikawa dola 550 kwa mwezi, na benki iliyokuwa imelipa pengo la dola 5,500 ikataka irudishiwe ndani ya miezi 12. Bima nayo ilikuwa imepanda. Rejesho likaruka hadi dola 3,189. Barua ilikuja siku ya kawaida tu, katikati ya matangazo ya pizza.

Huo ndio mwaka niliowaambia sina, na mkadhani nina roho ya kutu.

Baadaye nilikuja kujua kuna fomu ya kuomba msamaha wa sehemu ya kodi kwa nyumba unayoishi mwenyewe. Ni bure, na ukishaijaza sheria inazuia thamani inayotozwa kodi isipande zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka. Lakini ni lazima uombe, hawakupi tu. Niliijaza kwa kuchelewa, ikashuka kidogo. Kama mnamjua mtu yeyote wa nyumbani aliyenunua nyumba Texas, mwambieni leo hii.

Kuna na bima nyingine ya dola 150 kwa mwezi ambayo hainilindi mimi hata kidogo, inailinda benki nisipolipa, kwa sababu kianzio changu hakikufika asilimia 20. Sheria ya 1998 inaniruhusu kuomba iondolewe deni likifika asilimia 80 ya bei, yaani dola 240,000. Nilipo bado ni mbali. Na bima ya nyumba ya kawaida haigusi mafuriko; wengi hapa Houston walilijua hilo maji yakiwa sebuleni, Agosti 2017, kimbunga Harvey kilipopita. Ya mafuriko unakata peke yake. Kiyoyozi kikifa Julai huwezi kusubiri mshahara. Paa lina umri wake. Yote haya mpangaji hayapigii hesabu, anampigia simu mwenye nyumba.

Ukinijumlishia rejesho, kodi ya majengo na bima kwa miaka 30, hata visipopanda tena kwa senti moja, nyumba ya dola 300,000 inavuka 900,000. Hapo sijanunua bomba wala rangi.

Mtu wa Mombasa ninayekaa naye jirani alikwepa riba kwa ajili ya dini yake. Alikwenda kwenye kampuni inayonunua nyumba kwa ubia na mteja: kila mwezi ananunua kipande cha sehemu ya nyumba inayomilikiwa na kampuni, na kulipa pango la sehemu iliyobaki. Kiimani ni jambo tofauti kabisa na ninamheshimu. Kimfuko, anacholipa kwa mwezi hakiko mbali na changu.

Usinielewe kwamba najuta. Nilikokuwa napanga nililipa dola 1,650, kila mwaka wanapandisha, na baada ya miaka 9 niliondoka na funguo za kurudisha. Dola 1,801 za benki zitakuwa 1,801 mwaka 2045 pia, wakati mishahara na bei za vitu zitakuwa zimesogea. Hiyo ni faida ya kweli ya riba isiyobadilika, na ndiyo sababu bado nipo. Ninachojutia ni kusaini bila kujua ninasaini nini.

Sasa la babu. Nilinunua nikiwa na miaka 45. Rejesho la mwisho lingenikuta nina 75, na kazi yangu ni kuinua wagonjwa. Mwaka 2024 niliumia mgongo, nikakaa nyumbani wiki 6, na kila tarehe 1 rejesho lilikuja vilevile. Texas nyumba zilizoshindwa kulipiwa hupigwa mnada Jumanne ya kwanza ya kila mwezi. Wiki zile nilijua Jumanne zote za kalenda. Ndipo nikaanza kuuliza waliotangulia, mama mmoja wa Bukoba akanifundisha: ongeza kidogo juu ya rejesho, na waandikie waziwazi kwamba nyongeza iende kwenye deni, isihesabiwe kuwa rejesho la mwezi ujao. Tangu rejesho la 37 naongeza dola 200. Nikishika hivyo, deni linaisha mwaka wa 24 badala ya 30, na riba ya karibu dola 79,000 sitailipa kamwe. Nitakuwa na miaka 69.

Dola 200 hizo ndizo nilizokuwa nawatumia. Nimeamua. Si kwamba sina kabisa, na sitaki kuendelea kusema sina; zipo, nimezielekeza huko, kwa sababu sina mtoto wa kunitunza hapa na sitaki kuinua wagonjwa nikiwa na miaka 75. Mwambie baba yako hivyo hivyo, kwa maneno yangu. Kuanzia mwezi ujao nitatuma dola 60 kila mwezi, anunue bati kidogo kidogo aziweke kwa mwenye duka anayemwamini. Zaidi ya hapo nisiahidi.

Na wewe. Umesema benki imekupa asilimia 15, rejesho 1,316,000 na kidogo kwa mwezi, na kwamba mshahara wako na wa mkeo unaweza. Nimekupigia. Mara 240 ni shilingi milioni 316. Mwezi wa kwanza, katika hiyo 1,316,789, riba ni 1,250,000. Deni lako la milioni 100 litapungua shilingi 66,789. Riba ya huko iko juu kuliko ya kwangu mara mbili na zaidi, ndiyo maana hata kwa miaka michache unalipa mara 3.

Sikukatazi. Najua kujenga kwa mfuko kuna gharama zake ambazo watu wetu hawazihesabu: boma la babu lina miaka 11, simenti imepanda mara ngapi, mbao za mwanzo zimeliwa na mchwa, na muda wote huo mtu analipa pango kwingine. Anayekopa anahamia mwezi huu, watoto wanalala ndani. Hilo lina thamani na mimi ni shahidi. Ila ukiweza kukopa milioni 60 ukamalizia kwa akiba, au miaka 10 badala ya 20, jibane ufanye hivyo. Uliza kama riba hiyo inaweza kubadilishwa katikati. Uliza ukilipa mapema wanakutoza nini. Uliza ukifa, mkeo anabaki na nyumba au na deni.

Kisha waombe jedwali la marejesho yote 240, mwezi kwa mwezi, riba peke yake na deni peke yake. Wanalo kwenye kompyuta. Usisaini kabla hawajakupa. Ukilipata, piga picha kila ukurasa unitumie. Jumamosi naingia zamu ya usiku, na mapumziko yangu ya saa 10 alfajiri huko kwenu itakuwa Jumapili saa 6 mchana, mmetoka kanisani. Kaa na mkeo, mkae na kalamu. Nitapiga mimi.