Maili ninazo tele, mbona kadi bado ni Blue?

SWALI: Nauza vitambaa Kariakoo. Mwaka jana nilikwenda Guangzhou mara sita, mara tatu kwa Emirates na mara tatu kwa Ethiopian, nikimfuata aliyeshusha bei wiki hiyo. Akaunti yangu ya Emirates ina maili zaidi ya 38,000, nyingine nilizinunua walipotoa ofa, lakini kadi bado ni Blue, ile ya chini kabisa. Ya Ethiopian ndiyo kabisa: safari mbili zimeingiza maili kiduchu na moja haikuingiza kitu. Kaka yangu yuko Dallas, ana Gold ya American Airlines, na mwenyewe anakiri kwamba mimi napanda ndege mara tatu kuliko yeye. Ananiambia "wewe ruka tu, zitajaa." Ninachotaka hasa ni begi la ziada bila kubishana kaunta. Nimekosea wapi?

JIBU: Dada, shikamoo kama umenizidi, na kama hujanizidi basi habari za biashara. Nimekaa nyuma ya kaunta ya tiketi hapa Dar es Salaam miaka mingi, na swali lako naulizwa karibu kila wiki, mara nyingi na mtu aliyekasirika na simu mkononi.

Tuanze na hizo 38,000. Mashirika mengi huweka maili za aina mbili ndani ya akaunti moja, na ile inayoandikwa kwa maandishi makubwa siyo inayopandisha kadi. Wewe ni mfanyabiashara, utanielewa haraka: kuna pesa iliyoko kwenye droo, na kuna daftari la mauzo ya mwaka. Droo inaweza kujaa kwa mkopo, kwa mchango wa shemeji, kwa chochote. Daftari la mauzo haliandikwi mpaka mteja anunue. Emirates wanaziita za droo Skywards Miles na za daftari Tier Miles. Ulizonunua wakati wa ofa zimeingia kwenye droo, na huko zitakufaa siku ukitaka tiketi ya bure au kupandishwa daraja. Tier Miles huja kwa kukaa kwenye kiti cha ndege ya Emirates au ya flydubai, basi. Fungua akaunti yako uitafute hiyo namba ya pili. Ni ndogo, na watu wengi hawajawahi kuitazama.

Kipimo chao ni hiki: Silver ni Tier Miles 25,000 au ndege 25, Gold ni 50,000 au ndege 50, na Platinum inaanzia 150,000. Yote hayo ndani ya miezi 13. Ukisoma "ndege 25" usidhani ni safari 25. Kila kupaa na kutua kunahesabiwa peke yake, kwa hiyo Dar hadi Dubai ni moja, Dubai hadi Guangzhou ya pili, na kurudi mbili nyingine. Safari moja ya China ni ndege nne. Zako tatu zimekupa 12, chini ya nusu. Ungekwenda nao zote sita ungefika 24, ukakosa Silver kwa ndege moja, na hapo ningekushauri bila kusita upande ya kwenda Dubai kununua hata pochi. Lakini hukwenda nao zote sita.

Sasa Ethiopian, kwenye kitendawili cha maili kiduchu. Toa karatasi ya tiketi, ile wakala aliyokutumia kwa WhatsApp. Tafuta mstari wa safari: unaanza na herufi mbili za shirika, inafuata namba ya ndege, halafu kuna herufi moja imekaa peke yake kama imesahauliwa, kisha tarehe. Hiyo herufi ndiyo iliyokula maili zako. Wote mliokaa nyuma ya pazia mnaitwa daraja la kawaida, mnakula kuku yuleyule, ila kwenye mfumo mmegawanywa kwa herufi kumi na zaidi kulingana na nauli. Juu kabisa kuna Y, nauli kamili, inayobadilishika na kurudishwa. Kadiri unavyoshuka bei inapungua, masharti yanakaza, na asilimia ya maili inayeyuka: 100, 75, 50, 25, na nyingine sifuri. Tena kila shirika lina mpangilio wake wa herufi, kwa hiyo usibebe ya huku ukaitafsiri kwa kanuni za kule.

Kwa njia yako inakuwa hivi. Dar hadi Addis Ababa ni kama maili 1,100, na Addis hadi Guangzhou kama 5,000. Kwenda na kurudi ni takriban 12,200. Chukulia unaikimbiza kadi inayohitaji maili 50,000. Kwa herufi ya asilimia 100, safari sita zinakupa 73,200: umefika na umebakiza. Kwa herufi ya asilimia 50 unapata 36,600, umekwama njiani. Kwa asilimia 25 ni 18,300, na hapo hata ukisafiri mpaka soli ya kiatu iishe hufiki. Kiti ni kilekile, hewa ni ileile, na yule jirani yako aliyelala begani kwako huenda alilipa dola chache tu kukuzidi.

Ile safari iliyoingiza sifuri nina washukiwa watatu. Wa kwanza ni hiyohiyo herufi. Wa pili ni tiketi ya kikundi: wakala akiwakusanya wafanyabiashara ishirini wa maonyesho ya Canton ya Aprili au Oktoba akawakatia nauli ya pamoja, mara nyingi nauli hiyo haina maili kabisa, na hakuna anayewaambia. Wa tatu ni jina, na huyu hapa kwetu anasumbua kweli. Pasipoti zetu zina majina matatu. Mtu anafungua akaunti kwa simu usiku anaandika mawili. Mfumo unapokea tiketi yenye majina matatu, unatafuta mwanachama, hauoni mtu. Rekebisha akaunti ifanane na pasipoti herufi kwa herufi, kisha dai maili zako kwa namba ya tiketi. Muda wa kudai una mwisho, kwa mashirika mengi kama miezi sita, na wakikutaka ushahidi, ushahidi ni kile kipande cha bodingi pasi ambacho abiria wengi hukitupa kabla hawajatoka uwanjani. Kipige picha ukiwa umeshakaa kwenye kiti.

Kosa lako kubwa, lakini, ni la juu ya hayo yote: umegawa safari sita kwa nyumba mbili zisizosalimiana. Emirates hayumo kwenye muungano wowote wa mashirika ya ndege. Ethiopian yumo Star Alliance tangu Desemba 2011, pamoja na Turkish, Lufthansa, Air China, United na wengine wengi. Maana yake ukiruka Turkish kwenda Istanbul kutafuta mashuka, unaweza kuwapa namba yako ya Ethiopian na maili zikaingia kwenye daftari lilelile. Na kinyume chake pia: hulazimiki kuwa mwanachama wa shirika unalolipanda. Wengine wanapanda Ethiopian mwaka mzima na kuweka maili Turkish kwa sababu masharti ya huko yamewafaa zaidi. Kabla ya kuhama, soma jedwali la herufi la nyumba unayohamia, maana herufi inayolipa nusu kwa mwenyewe inaweza kulipa robo kwa mgeni.

Na hapa ndipo nakuomba utulie, kwa sababu umesema unataka begi. Silver ya ndani ya Star Alliance, kwa upande wa muungano, inakupa kusogezwa mbele kwenye orodha ya kusubiri nafasi na si zaidi ya hapo. Chochote cha ziada ni hisani ya shirika lako. Gold ndiyo kadi: ukumbi wa kupumzikia pamoja na mgeni mmoja, kaunta yenye foleni fupi, na mzigo wa ziada, kipande kimoja kwenye njia zinazohesabu mabegi au kilo 20 kwenye njia zinazopima kilo. Gold hiyo inaheshimiwa hata ukipanda ndege ya mwenzao. Kwa muuza vitambaa, kukimbiza Silver kwa ajili ya Silver ni kupamba pochi.

Piga hesabu kama unavyopiga ya kontena. Ulilipa kiasi gani mwaka jana kwa mzigo uliozidi? Andika namba hiyo. Halafu chukua tofauti ya bei kati ya herufi unayonunua na inayolipa maili za kutosha, zidisha mara sita. Tofauti ikiwa dola 40 kwa safari, ni 240 kwa mwaka. Ukiwa unaacha dola 600 kwenye kaunta ya mizigo, kadi imejilipa yenyewe. Tofauti ikiwa dola 200 kwa safari, achana nayo, nunua kilo zako mapema mtandaoni, ulale.

Kuhusu kaka yako wa Dallas. Hadanganyi, ila mko kwenye michezo miwili tofauti. American ndio walioanzisha AAdvantage, mpango wao wa maili, mwaka 1981, enzi ambazo maili ilikuwa maili ya kweli. Tangu 2022 wanahesabu kitu kinachoitwa Loyalty Points, na pointi hizo huja kwa pesa, ikiwemo matumizi ya kadi yao ya benki. Gold ni pointi 40,000. Kaka yako huenda ameipata kwa kununua mafuta ya gari na kulipia mahitaji ya nyumbani, huku ndege akiiona Krismasi. Delta, shirika jingine la huko Marekani, nao tangu 2024 wanatazama matumizi tu: Silver yao ni dola 5,000 za matumizi wanayoyahesabu. Kwa hiyo ushauri wake kwamba "wewe ruka tu, zitajaa" ni wa zamani hata huko alipo.

Njia ya Ulaya nayo ina kanuni yake, nitaigusa kwa sababu nawajua wasomaji wenye watoto London. Flying Blue, ya Air France na KLM, hawahesabu maili kwa ajili ya kadi. Wana pointi za XP, kwa umbali na daraja. Silver ni XP 100. Nairobi hadi Amsterdam daraja la kawaida ni 10. Amsterdam hadi London, kuruka kidogo tu, ni 5. Kwenda na kurudi London kupitia Amsterdam ni 30, safari nne ni 120, umefika. Anayeishia Amsterdam kwa safari nne hizohizo ana 80, hajafika. Yaani anayesumbuka kubadilisha ndege anamzidi anayekwenda moja kwa moja. Ila ukifika Silver, 100 zinakatwa, na 180 za Gold unaanza kuzikusanya kwa zile zilizobaki.

Jambo la mwisho ni tarehe, na hili nilijifunza kwa nauli yangu mwenyewe. Mwaka mmoja nilibakiza ndege mbili kupata kadi ya shirika fulani. Desemba nikakata tiketi ya Entebbe, kwenda asubuhi kurudi jioni, sina shughuli yoyote Uganda. Nikatembea mpaka Kitooro, mtaa wa hapo Entebbe, nikala rolex ya mayai mawili, ile chapati yao iliyoviringishwa na mayai, nikarudi uwanjani nikiwa mtu mwenye furaha. Wiki iliyofuata nafungua akaunti, nakuta hesabu imeanza upya kutoka sifuri. Mwaka wao kwangu ulikuwa unafunga siku ya mwisho ya Novemba, kufuatana na tarehe niliyojiunga. Ile rolex ni chakula ghali kuliko vyote nilivyowahi kula.

Kwa hiyo kabla ya safari yako ijayo, ingia kwenye akaunti zote mbili uandike kwenye daftari vitu viwili: tarehe ambayo mwaka wako unafunga, na maili za kadi ulizonazo leo, si zile kubwa. Mwenye njia inayokufaa zaidi kwa ratiba na mizigo mpe safari zote sita. Mimi kwa begi ningeegemea Ethiopian, kwa sababu Gold yao inakufuata hata ukipanda Turkish. Ukienda kwa wakala usiulize "bei ya chini ni ngapi." Mwambie: "Nisomee herufi, na unipe bei ya herufi inayofuata juu yake." Akikuangalia kama hajaelewa, tafuta mwingine. Mtaani kwako hapo wako wengi wanaojua, ila hawasemi mpaka waulizwe.