Sauti ya tena si kelele: niliyojifunza kwa John McCormack

Katika miaka minne ya mwanzo niliyoimba sauti ya tatu kwenye kwaya ya parokia, niliamini kwamba tena mzuri, yaani mwimbaji wa sauti hiyo ya tatu, ni yule anayesikika juu ya wenzake wote, na koo langu lilikuwa likikauka kabla Misa haijafika kwenye matoleo. Kilichonirekebisha ni rekodi za zamani za John McCormack, mwimbaji wa tena, Mwairishi aliyezaliwa Athlone mwaka 1884.

Alishinda medali ya dhahabu katika mashindano ya muziki ya Feis Ceoil mjini Dublin mwaka 1903, lakini hakuridhika na kipaji cha kuzaliwa, bali alikwenda Milan kujifunza kwa Vincenzo Sabatini, na mwaka 1906 akaimba opera, yaani mchezo wa kuigiza unaoimbwa, kwa mara ya kwanza mjini Savona kwa jina la kubuni, Giovanni Foli. Mwaka uliofuata alikuwa kwenye jumba la opera la Covent Garden, London, akiwa na umri wa miaka 23, na mwaka 1909 akafika New York. Kwa hiyo, kijana unayesifiwa kila Jumapili, tafuta mwalimu sasa, kabla sifa hazijakulevya.

Kisha sikiliza “Il mio tesoro”, wimbo wa opera wa mtunzi Mozart, aliyoirekodi mwaka 1916, hasa pale anapopitisha mfululizo mrefu wa noti kwa pumzi moja bila kukaza sauti hata kidogo. Nilipojaribu kumwiga niliishia njiani, nikaona aibu ingawa nilikuwa peke yangu chumbani. Tangu siku hiyo, kila asubuhi nililala chali nikiwa nimeweka kitabu tumboni, nikivuta pumzi hadi kiinuke na kuiachia polepole nikihesabu. Ilinichukua miezi mitatu kuona tofauti.

Jambo ninalomheshimia zaidi ni kwamba alijua upungufu wake. Alikiri kuwa si mwigizaji hodari, na katika miaka ya 1920 aliachana na opera, akabaki na matamasha, ambako alisimama tu na kuimba. Nami niliacha kugombea solo za nyimbo za shangwe, nikaomba zile za taratibu.

Mwaka 1932, katika Kongamano la Ekaristi, aliimba “Panis Angelicus” kwenye bustani ya Phoenix Park, Dublin, mbele ya mamia ya maelfu ya waumini. Kwaya nyingi zetu huuimba wimbo huo wakati wa komunyo. Ufanyieni mazoezi bila kinanda na kwa sauti ya chini, na anayeishiwa pumzi kabla ya mwisho wa mstari arudi kwenye kitabu cha tumboni.