Besi imeenda wapi?

SWALI: Nimenunua hedifoni za waya za kuingiza sikioni, kila mtu anazisifia ila mimi nasikia besi hafifu na sauti kali kali tu. Ni mbovu?

JIBU: Usizihukumu bado ndugu yangu. Anza na vile vipira vya mbele, visipoziba tundu la sikio besi yote inavuja hata hedifoni iwe nzuri vipi, so jaribu saizi zote na usishangae sikio la kulia likitaka kubwa kuliko la kushoto. Ukilinganisha na zingine sawazisha volyumu kwanza, maana moja ikizidi nyingine hata kwa desibeli 1 (kipimo cha ukubwa wa sauti) tutasema hiyo ndo bora. Halafu weka wimbo unaoujua vizuri, sikiliza "s" za mwimbaji, zikiendelea kukuchoma na vipira vimekaa sawa basi hizo hazikufai kabisa.